Tarishi na Barabara za Wamongoli

Kiharusi kilimpata baba Jumapili asubuhi, akiwa uwani amekaa kwenye kigoda anavaa viatu vyake vya kanisani. Mimi nilikuwa jikoni nachuja chai. Nilisikia kiatu kimoja kikianguka kwenye saruji, kisha kimya. Nilipotoka nilimkuta bado amekaa, ameegemea ukuta, mkono wa kulia unaning'inia na mdomo umevutwa kushoto. Nikamwita. Akanitazama kwa macho yale yale ya siku zote, macho ya mtu anayetaka kukuambia kwamba umechelewa, akafungua kinywa, na neno lililotoka likawa "baadaye."

"Baadaye nini, baba?"

"Baadaye," akasema. "Baadaye, baadaye."

Nasimulia haya nikiwa nimeshapumua, kwa hiyo naweza kuyacheka kidogo. Siku ile sikucheka. Tulikaa hospitali ya mkoa siku tisa, na kwa siku zote tisa baba alikuwa na neno hilo moja tu. Akitaka maji, baadaye. Akitaka kugeuzwa upande wa pili, baadaye. Alipomkuta muuguzi anamchoma sindano mkono usiofaa, alimfokea "baadaye" kwa sauti iliyofanya wodi nzima igeuke.

Kabla hatujaruhusiwa daktari alinikalisha chini. Alikuwa binti mdogo kuliko mimi kwa miaka mingi, lakini alisema kwa utulivu wa mtu mzima.

"Mzee anakuelewa kila unachosema," aliniambia. "Maneno yake hayajafutika. Njia ya kuyatoa ndiyo imeharibika. Tukimwacha kimya, njia itazidi kuota majani. Mzungumzishe, imba naye, msomee."

"Nimsomee nini?"

"Chochote. Hata gazeti."

Gazeti sikuwa nalo. Nilichokuwa nacho ni muswada wa kitabu changu mwenyewe, na kitabu chenyewe kilihusu Wamongoli.

Inabidi nieleze. Mimi ni mwalimu wa historia katika shule ya sekondari hapa Tanga. Mwaka uliotangulia, mchapishaji mmoja wa Dar es Salaam aliniomba niandike kitabu kidogo cha wanafunzi juu ya utawala wa Wamongoli katika Asia, na alama walizoziacha katika jamii na miji waliyoitawala. Nilikubali kwa sababu ya swali la mwanafunzi wangu mmoja. Aliniuliza darasani, bila utovu wa adabu, sisi watu wa Tanga yanatuhusu nini mambo ya wapanda farasi wa mbali vile. Jumamosi iliyofuata niliwapeleka darasa zima kwenye magofu ya Tongoni, njia ya Pangani, nikawaonyesha makaburi ya kale yenye vishimo vya duara ambamo zamani zilipachikwa sahani za kauri. Nikawaambia kwamba sahani za Kichina zile nyeupe zenye michoro ya buluu, zilizopendwa sana pwani yetu, zilianza kushamiri enzi za Wamongoli. Udongo ulikuwa wa Uchina na rangi ya buluu ilitoka Uajemi, na nchi zote mbili wakati ule zilikuwa mikononi mwa ukoo mmoja. Pengine sahani za Tongoni zenyewe ni za miaka ya baadaye, lakini bila ukoo ule kuunganisha njia, huenda fundi wa Kichina asingeipata rangi ile kwa wingi. Mwanafunzi aliingiza kidole katika kishimo kimoja, akakizungusha, na hakuuliza tena.

Basi nikawa namsomea baba muswada huo. Tunaishi Mabawa, vyumba viwili vya nyuma katika nyumba ya mama mmoja mjane wa ukoo wa Kiomani. Babu yake alikuja pwani hii kufanya biashara ya nazi na hakurudi kwao. Namwita Bi Mkubwa, kama wanavyomwita wote mtaani, na yeye huniita mwanangu ingawa mimi ni Mlutheri na Msambaa, mtoto wa watu walioshuka kutoka milimani kuja kukata mkonge. Tangu baba augue, Bi Mkubwa ndiye aliyekaa naye asubuhi nilipokuwa shuleni. Sikumwomba. Siku ya kwanza nilirudi nikamkuta amemlisha uji na anamsimulia habari za ndugu zake wote waliokwenda Muscat, mmoja mmoja.

Kila siku baada ya alasiri nilitandika mkeka barazani, nikamweka baba kwenye kiti chake cha mikono, nikasoma. Bi Mkubwa alikaa pembeni na sinia la mchele akichagua mawe. Nilisoma juu ya mbuga zisizo na miti, juu ya makabila yaliyounganishwa na mtu mmoja, na juu ya miji iliyofunguliwa milango ikasalimika na ile iliyokataa ikateketezwa. Nilisoma jinsi mafundi walivyotengwa na wengine wakati wa mauaji, wafumaji, wahunzi, wachongaji, wakapelekwa mbali kwenda kujenga miji mingine ya watu waliowaulia ndugu zao. Kisha nikafika Baghdad.

Bi Mkubwa aliacha kuchagua mchele.

"Ngoja hapo," alisema. "Hao ndio waliotupa vitabu mtoni?"

"Ndio hao."

"Marehemu baba alitusimulia. Alisema maji ya mto yalikuwa meusi kwa wino. Alikuwa akisimulia analia, wallahi, kana kwamba habari ya msiba imemfikia asubuhi ile. Na wewe umeandika mistari mingapi?"

Nilihesabu. "Minne."

"Minne! Na hizo barabara zao unazozisifu?"

"Kurasa kumi na moja."

Alichukua sinia lake akaingia ndani, na mimi nikabaki na karatasi mapajani. Nilijiambia kwamba kitabu ni cha shule, kwamba nafasi ni ndogo, kwamba hadithi ya wino ni jambo linalosimuliwa tu na wanahistoria hawalichukui lote kama lilivyo. Baba aliunyosha mkono wake mzima akanigusa bega. "Baadaye," alisema taratibu. Nililichukua kuwa ni neno la kunipoza.

Jumapili hiyo tulimpeleka kanisani kwa bajaji. Wimbo wa pili ulipoanza nilisikia sauti nzito ubavuni pangu, nikadhani ni mtu wa kiti cha nyuma. Alikuwa baba. Aliimba beti zote tatu, maneno yote, hakukosea hata silabi. Nililia hadi mama mmoja akanipa leso. Tulipotoka nje nilimshika mashavu. "Baba! Umeimba!"

Alitabasamu kwa fahari. "Baadaye," akasema.

Daktari alikuwa ameniambia kwamba hilo hutokea, kwamba nyimbo hupita njia nyingine kichwani. Hata hivyo sikulala vizuri wiki ile kwa furaha.

Sura iliyofuata ilihusu mji mkuu waliojenga mahali ambapo leo ni Beijing. Niliipenda sura hiyo. Nilieleza kwamba mjukuu wa mtawala wao wa kwanza aliamuru mji upimwe upya, barabara pana zilizonyooka zikikatana kama mistari ya daftari la hesabu. Hadi leo, mtu anayetembea katika vichochoro vya zamani vya mji ule anafuata kwa sehemu vipimo vya wakati huo. Hata neno wanaloviitia vichochoro hivyo, inasemekana, lina asili ya Kimongoli, na huenda maana yake ya kwanza ilikuwa kisima. Ili mwanafunzi wa Tanga aelewe, niliandika: fikiria Ngamiani, barabara ya kwanza mpaka ya ishirini, jinsi unavyoweza kumwelekeza mgeni kwa namba tu. Baba aliposikia Ngamiani alipiga kiti kofi la furaha. Akaanza kuhesabu kwa vidole vya mkono wa kushoto, na kwa kila kidole alitikisa kichwa kuelekea upande ambao barabara hiyo iko. Alizijua zote. Kwa miaka zaidi ya thelathini alikuwa tarishi wa posta.

Vijana wa leo hawajui tarishi wa posta alikuwa mtu gani. Barua za kawaida watu walizifuata wenyewe kwenye masanduku, lakini telegramu, ile barua ya simu, ilipelekwa mlangoni, na aliyeipeleka ni baba kwa baiskeli. Habari za vifo, harusi, kuzaliwa, watoto waliofaulu: zote zilipita katika mkoba wake, naye hakufungua hata moja. Baadaye telegramu zilipopungua alihamishiwa mifuko ya barua. Alipanda basi la Pangani na mifuko miwili, akashuka kwenye pantoni, akampa mwenzake mfuko wa Mwera upande wa pili wa mto, akapokea mfuko wa kurudi. Alifanya hivyo miaka minane. Mwera kwenyewe hakufika hata siku moja.

Kwa hiyo nilidhani sura ya posta ya Wamongoli ingemfurahisha kuliko zote. Niliandika kwa mbwembwe. Nilimweleza mpanda farasi mmoja, kibao cha shaba kifuani kinachomruhusu kudai farasi na chakula popote, akikata mbuga na milima na jangwa, akilala juu ya tandiko, mpaka anaufikisha ujumbe wa Khan, mtawala wao, upande wa pili wa Asia. Nilisoma kwa sauti ya redio.

"Baadaye," akasema baba.

Niliendelea.

"Baadaye!" Alipiga meza. Chai ikamwagika juu ya mkeka.

"Nini baba? Hukupenda?"

Alitikisa kichwa, akanyoosha mkono, akanipokonya karatasi. Alionyesha mstari mmoja, kisha mwingine, uso umekunjamana kwa hasira ya mtu ambaye jambo liko wazi kwake kabisa na halitoki. Nilimpa kalamu. Kwa mkono wa kushoto usiozoea alichora pembeni mwa ukurasa mstari mrefu uliopinda, juu yake vijialama, na chini ya kila kialama kitu kama kibanda. Kisha duara dogo lenye mkia. Nilitazama sana.

"Ni mto?"

"Baadaye."

"Ni nyoka?"

Alitupa kalamu. Nilichukua karatasi, nikairudisha kwenye muswada, na namna nilivyoirudisha inaniuma hadi leo, kwa sababu niliirudisha kama unavyoweka mchoro wa mtoto: vizuri, na bila kuutazama tena.

Siku mbili baadaye muswada ulikuwa umekamilika. Nilikuwa nimemwomba mwalimu wangu wa zamani, mama aliyenifundisha historia kidato cha tano na sasa amestaafu na anaishi Raskazone, ausome kabla sijautuma Dar. Nikautia katika bahasha kubwa ya kaki, nikaandika jina lake na nyumba yake, na kwenye kona namba yangu ya simu. Nikaiweka juu ya meza. Mitihani ilikuwa imeanza shuleni.

"Wiki hii sina hata dakika," nilimwambia Bi Mkubwa barazani. "Nitaipeleka nikipata nafasi." Baba alikuwa amekaa hapo hapo.

Asubuhi ya pili yake nilikuwa nasimamia mtihani, simu ikiwa mkobani imezimwa sauti. Nilipoitazama wakati wa mapumziko nilikuta nimepigiwa mara saba. Nikapiga.

"Mwanangu," alisema Bi Mkubwa, sauti imekatika, "nimempoteza babako."

Alikuwa amekwenda kuswali dhuha, rakaa nne tu. Aliporudi barazani kiti kilikuwa kitupu na geti li wazi. Fimbo aliyokuwa ameanza kutembelea haikuwepo. Alikuwa amezunguka mtaa mzima na khanga moja, bila hata kuvaa baibui, mwanamke ambaye sijawahi kumwona nje hivyo.

Nilichukua bodaboda. Tulikwenda kanisani, hakuwepo. Tulikwenda sokoni, stendi, na posta ya zamani mjini, nikamuuliza mlinzi kama amemwona mzee mrefu anayeburuta mguu. Hapana. Njiani nilikuwa nawaza jambo moja. Baba asingeweza kutaja jina lake. Asingeweza kutaja mtaa wake. Mtu akimuuliza angejibu "baadaye," mdomo umekwenda upande, anayumba, na watu wangesema huyu mzee amelewa asubuhi yote hii. Niliwaza barabara kuu na malori. Niliwaza ufukwe. Nilimwambia dereva arudi kanisani, kisha nikamwambia asirudi.

Ilikuwa imekaribia saa saba mchana simu ilipolia.

"Wewe," ilisema sauti niliyoijua tangu usichana wangu, "huyu mzee aliyeniletea muswada wako ni nani?"

Dereva wa bodaboda aliniambia baadaye kwamba alidhani nimepewa habari ya msiba, kwa jinsi nilivyokaa chini.

Nyumba ya mwalimu wangu ni moja ya zile za zamani za Raskazone zenye paa la vigae na kibaraza kirefu. Baba alikuwa amekaa kibarazani, miguu yote miwili ndani ya beseni la maji ya vuguvugu, suruali imekunjwa hadi magotini, mkononi kikombe cha chai. Kofia yake ilikuwa juu ya goti. Aliniangalia kama mtu anayemwona mkaguzi na ana vitabu vyote tayari.

Nilitaka kumfokea. Nikapiga magoti nikaweka kichwa juu ya paja lake.

"Shikamoo mwalimu," nilisema nilipoweza.

"Marahaba. Usilie, mama. Mzee amefanya kazi yake vizuri sana." Alivuta kiti. "Nilisikia mlango unagongwa mara tatu. Nikafungua. Huyu hapa, amesimama wima, amevua kofia. Akanipa bahasha kwa mkono wa kushoto, akasema 'Barua.'"

"Akasema nini?"

"Barua. Mbona unashtuka? Kisha akatoa kalamu mfukoni akanipa, akasubiri. Nikamuuliza unasubiri nini, baba? Akanionyesha mgongo wa bahasha. Alitaka niweke sahihi! Nikaweka. Ndipo alipokubali kukaa."

Nilimgeukia baba. "Umesema barua?"

Baba alikunywa chai. Kisha, polepole, kama anayeweka yai mezani: "Ba-rua."

Hivyo neno lake la kwanza sikulisikia mimi. Lilisemwa mlangoni kwa mtu asiyemjua, mahali alipozoea kulisemea. Nimeshalikubali hilo. Siku ile nilikubali kila kitu.

Tulikaa pale hadi jioni, kwa kuwa mwalimu alikataa tuondoke miguu ya baba ikiwa imevimba. Alikuwa ameshasoma kurasa nyingi wakati ananisubiri, na muswada ulikuwa wazi mezani kwenye sura ya posta. Aliweka kidole juu ya mchoro.

"Huu umechora wewe?"

"Baba. Sikuuelewa."

"Hukuuelewa?" Alinitazama juu ya miwani, na nikawa kidato cha tano tena. "Wewe umeandika mpanda farasi mmoja anakata Asia nzima. Hiyo ni sinema. Mara nyingi farasi walibadilishwa, na pengine na mtu mwenyewe akabadilishwa. Wako waliokimbia kwa miguu pia, wana kengele kiunoni ili mwenzao wa kituo cha mbele asikie, asimame tayari. Mtazame mzee: njia hii, vituo hivi, na hapa chini mfuko wenye kamba yake. Mtu anabaki, mfuko unaendelea. Sivyo, mzee?"

Baba alitoa mguu mmoja kwenye beseni, akaukanyaga chini kwa nguvu, maji yakaruka. Alinyoosha kidole kwa mwalimu kisha kwangu, mara mbili, kwa ushindi ambao haukuhitaji tafsiri.

Nilipomuuliza ndani ya bajaji kwa nini hakunisubiri, alijibu "baadaye," halafu akalisikia mwenyewe akaanza kucheka. Na mimi nikacheka, tukacheka hadi dereva akageuka kututazama. Bi Mkubwa alikuwa amesimama getini. Alimshika baba mikono yote miwili, akamwambia "Alhamdulillahi, alhamdulillahi," halafu akamwambia kwamba akirudia atamfunga kwa kamba ya mbuzi, halafu akaingia ndani akafunga mlango, nikasikia analia.

Katika siku zilizofuata nilijua alivyofika. Muuza vitumbua wa barabara ya ishirini alimpa maji na kumwonyesha njia baada ya kusoma bahasha. Kijana wa bodaboda alimbeba kipande hadi karibu na hospitali, akashindwa kuendelea kwa sababu abiria wake mwingine alikuwa anasubiri, akamkabidhi kwa mlinzi wa ofisi moja. Mlinzi akatembea naye hadi kona. Hakuna hata mmoja aliyemjua. Nilikwenda kumshukuru kila niliyempata, na kila mmoja alishangaa kwamba mzee hakuweza kusema. Alionekana, walisema, ni mtu ambaye yuko kazini na hana muda wa maongezi.

Baada ya hapo maneno yalianza kurudi, si kwa mpango wowote. Mfuko. Chumvi. Kelele. Jina la mama yangu, ambaye amefariki siku nyingi, alilisema akiwa ananyolewa ndevu. Niliandika upya sura ya posta na nikamsomea. Alisikiliza hadi mwisho, mkono kidevuni. Nilisubiri.

"Nani," alisema. Akapumzika. "Nani… alipika?"

"Wapi, baba?"

"Kituo."

Nilikuwa na vitabu vinane juu ya Wamongoli na sikuwa nimejiuliza swali hilo. Nikarudi kuvisoma. Waliopika ni watu wa vijiji vya karibu. Kaya zao ziliandikwa kuhudumia vituo: zitoe farasi, malisho, nyama, mahali pa kulala. Aliyekuja na kibao kifuani alikula na kuchukua farasi na kuondoka, na wengi walikuja ambao hawakuwa na ujumbe wowote. Mzigo ulizidi, watu wengine wakahama makwao usiku na mchana kuukimbia. Lakini njia zilibaki. Waliokuja baada ya Wamongoli wakazitumia njia hizo na desturi hizo, na hata Warusi waliendelea kwa karne nyingi kumwita mwendesha gari la farasi kwa jina lililotokana na neno la kituo cha enzi zile. Yote hayo nikayaandika, na sura ikawa bora kwa sababu ilikuwa na watu ndani yake, wanaowasha moto.

Na Baghdad niliirudia. Sikuipa mistari minne tena, niliipa kurasa sita: maktaba zake, mitaro ya maji iliyoharibika, waliouawa, na jinsi ambavyo msiba ule uliendelea kusimuliwa katika nyumba za watu waliokuwa mbali kabisa, kizazi baada ya kizazi, hata kama wino wa mtoni hakuna awezaye kuupima. Nikaandika pia kwamba mji wa Tabriz, huko Uajemi, ulitajirika chini ya watawala hao hao, na kwamba mwanafunzi hana haja ya kuchagua jambo moja kati ya haya, yote yalitokea. Nilimsomea Bi Mkubwa peke yake, sebuleni kwake, mlango umefungwa. Alisikiliza ameinamisha kichwa.

"Hapo umemtendea haki marehemu baba," alisema. Akaniuliza kama nimekula.

Daktari alitupokea mwezi uliopita kwa uchunguzi. Shinikizo la damu limeshuka, mguu unapata nguvu. Alimwomba baba ataje vitu vilivyo mezani, naye akataja vitatu kati ya vitano, cha nne akakiita kwa Kisambaa, na daktari, ambaye ni Mchaga, akampa alama zote. Mchapishaji naye ameandika kwamba kitabu kimekubaliwa.

Kaka yangu anaishi Arusha. Tangu baba augue alikuwa akipiga simu kila Jumapili, na sehemu kubwa ya maongezi yetu ilikuwa mimi kueleza na yeye kunyamaza. Jumapili iliyopita simu ilipolia mikono yangu ilikuwa na unga. Baba aliichukua, akaitazama, akabonyeza mahali panapotakiwa.

"Habari za huko?" alisema, polepole lakini wazi.

Nilisikia sauti ya kaka kwa mbali, na wasiwasi wa mtu aliyekosea namba. "Samahani, naongea na nani?"

"Mimi," alisema baba. "Babako."

Baba alisubiri, simu sikioni, bila haraka. Kisha akaanza kumuuliza juu ya wajukuu na mvua, na kama mahindi yameshapandwa.